Mkasi wa TP

Mwaka jana nikiwa TP nilimkata nywele mtoto wa watu. Sentensi hiyo sijawahi kuiandika popote, hata kwenye ile ripoti tuliyotakiwa kueleza changamoto za kituoni. Mle niliandika habari za upungufu wa vitabu na madawati, nikapata alama zangu, maisha yakaendelea.

Ilikuwa Julai, Jumatatu ya kwanza baada ya likizo, paredi ya asubuhi katika shule ya kata niliyopangiwa. Wasichana wa kidato cha kwanza walikuwa mstari wa mbele wakikaguliwa kucha, soksi na vichwa. Mwalimu wa zamu alifika kwa binti mmoja aliyesukwa twende kilioni, nywele zimelala vizuri kabisa kuelekea kisogoni, akasimama. Kisha akanigeukia na kunipa mkasi. "Madam, anza kuizoea kazi."

Ndugu msomaji, kama umeshawahi kwenda TP unaijua ile hali. Wewe si mwanafunzi, na ualimu wenyewe haujakukaa sawasawa. Shule nzima inakutazama, ofisi ya walimu inakupima, na mkaguzi wako kutoka chuo anaweza kutokea siku yoyote. Binti akaniambia kwa sauti ya chini, "Madam, naomba nikafumue mwenyewe. Mama kanisuka jana." Nikajifanya sijasikia. Nikapitisha mkasi katikati ya kichwa, njia moja kutoka utosini hadi kisogoni, ili asibaki na la kufanya ila kwenda kunyoa zote. Yeye akainama, akaziokota nywele zake zote kwenye vumbi, akazitia mfukoni mwa sweta. Halafu akasema, "Asante madam," maana ndivyo wanavyofundishwa kusema baada ya adhabu.

Nilimfundisha Kiswahili kwa wiki nane. Hakunyoosha mkono hata siku moja.

Sasa, makala haya yanahusu wanawake wa Sioux wa Marekani, na najua umeanza kujiuliza tunafikaje huko. Tunafika kwa njia ya asaimenti.

Muhula uliopita kundi letu la historia ya elimu lilipewa swali la Tume ya Phelps-Stokes. Kila anayesoma ualimu anaijua: mwaka 1924 ilizunguka Afrika Mashariki, ikapendekeza Mwafrika apewe elimu inayolingana na mazingira yake, yaani kilimo, kazi za mikono na usafi. Wenzangu waligawana vipande vyepesi, mimi nikaachiwa "usuli wa tume". Nikakaa kwenye kimbweta mpaka mbu wakanichoka. Nikakuta kwamba mwenyekiti wa tume, Thomas Jesse Jones, aliwahi kufundisha Hampton, Virginia, shule iliyofunguliwa mwaka 1868 kwa ajili ya watu weusi waliotoka utumwani. Mwaka 1878 Hampton ilianza kupokea pia vijana wa makabila ya asili ya Marekani, na wengi walitoka Dakota, nchi ya Wasioux. Mwaka uliofuata, Richard Henry Pratt, afisa wa jeshi aliyewapeleka vijana wa mwanzo kule Hampton, alifungua shule yake mwenyewe huko Carlisle, Pennsylvania. Falsafa yake hakuificha. Alisema kazi ya shule ni kumuua Mhindi aliyemo ndani ya mtoto ili kumwokoa mtu.

Nikazidi kuchimba habari za Carlisle, na humo nikamkuta mwalimu mmoja wa kike aliyeitwa Zitkala-Ša. Tangu hapo asaimenti ikawa si asaimenti tena.

Kwanza niseme hawa ni watu gani, maana mimi mwenyewe nilichokuwa nakijua ni kile cha banda la video: wanaume wenye manyoya kichwani, farasi, kelele, na makauboi wanaoshinda kila mara. Mwanamke katika filamu zile anaonekana sekunde tatu akikimbia na mtoto mgongoni. Jina Sioux lenyewe si lao. Wafaransa walilichukua kutoka kwa majirani zao Waojibwe, wakalikata kipande, likabaki hivyo. Wenyewe hujiita Walakota au Wadakota, kutegemea lahaja, na umoja wao wote huitwa Oceti Sakowin, yaani Mioto Saba ya Baraza. Nchi yao ni tambarare kubwa za katikati ya Marekani, kandokando ya mto Missouri na zaidi ya hapo.

Katika tambarare hizo nyumba ilikuwa tipi, hema la miti mirefu lililofunikwa kwa ngozi za nyati. Tipi ilikuwa mali ya mwanamke. Yeye ndiye aliyekwangua ngozi, akazilainisha, akazishona pamoja, kumi na zaidi kwa tipi moja, na kambi ilipohama yeye ndiye aliyeibomoa na kuisimamisha upya. Kwa hiyo mume aliyemchosha mkewe angeweza kurudi kutoka mawindoni akakuta vitu vyake vimewekwa nje ya mlango. Hapo talaka imekwisha kutolewa. Hakuna kikao, hakuna kurudisha mahari. Niliposoma hilo chumbani hosteli kwa sauti, rafiki yangu alicheka mpaka akaomba nirudie.

Ngozi hizo pia zilikuwa shule na jina la mtu. Wanawake wa Sioux walipamba mavazi, viatu na mikoba kwa miiba ya nungunungu. Miiba huchambuliwa kwa ukubwa, hutiwa rangi, hulainishwa kwa mate na kubanwa kwa meno ili ilale bapa, ndipo ishonwe. Baadaye zilipokuja shanga za kioo kutoka kwa wafanyabiashara wa Kizungu, ujuzi ukahamia kwenye shanga. Na kazi ilihesabiwa. Mwanaume alihesabu matendo yake ya vitani. Mwanamke alihesabu ngozi alizotengeneza na nakshi alizozimaliza, akaweka alama za nukta kwenye mpini wa chombo chake cha pembe. Kule Minnesota, katika kijiji cha zamani cha Wadakota, wachimbaji wa mambo ya kale waliokota mpini mmoja wa namna hiyo mwaka 1980. Mwanaakiolojia Janet Spector aliandika kitabu kizima kuhusu mpini ule mdogo, kwa sababu kabla ya hapo wataalamu walikuwa wakiona vyombo vya wanaume ndio historia, vya wanawake ni vikorokoro vya jikoni.

Halafu kuna ukoo. Kwa Wasioux dada wa mama yako unamwita ina, mama, kama sisi tunavyosema mama mkubwa na mama mdogo. Kaka wa baba ni baba. Watoto wao ni ndugu zako kabisa, si "binamu". Mkwe wa kiume hamsemeshi mama mkwe wala hamkodolei macho, na hiyo si chuki, ni heshima kubwa. Ella Deloria, mwanamke wa Kidakota aliyezaliwa 1889, alitumia maisha yake kuandika mambo haya. Alieleza kwamba lengo kuu la maisha ya Mdakota lilikuwa kuishi sawasawa na watu wake, kumtambua kila mtu kwa jina la undugu na kumtendea inavyostahili. Ukiwa huna ndugu, huna utu.

Sitaki nipambe. Mwanaume aliweza kuoa wake kadhaa, mara nyingi dada wa tumbo moja, na aliweza kumtupa mke hadharani mbele ya watu. Kukwangua ngozi ya nyati ni kazi ya kuvunja mgongo. Lakini mtoto wa kike alikua akijua kwamba nyumba ni ya mama, kazi ya mama inahesabiwa, na kila mtu mzima kambini ni wa kwake. Alikua pia akisikia kwamba bomba takatifu na ibada saba za Walakota zililetwa na mwanamke, yule aitwaye Mwanamke Ndama Mweupe wa Nyati. Mojawapo ya ibada hizo saba ni ya msichana anayevunja ungo.

Sasa nirudi kwa Zitkala-Ša. Alizaliwa mwaka 1876 katika eneo walilotengewa Wayankton, ukingoni mwa Missouri. Baba yake, mzungu, alikuwa ameshaondoka. Mama yake alimlea peke yake kwenye tipi. Mwaka 1900 Zitkala-Ša aliandika habari za utoto wake katika jarida kubwa la Boston, Atlantic Monthly, kwa sehemu tatu, na sehemu ya kwanza ningependa kila mwalimu aisome kabla hajashika chaki.

Anaeleza jinsi mama yake alivyomfundisha kushona shanga. Mama anatandika kazi yake nje ya tipi asubuhi, mtoto anakaa kando yake na kipande chake mwenyewe cha ngozi, uzi wake wa kano na shanga zake. Anajichoma vidole. Anajichagulia nakshi yake. Mama hamwandikii ubaoni. Anamwacha aone kwa macho. Masharti ni mawili: nakshi ilingane pande zote, na ukianza kazi, uimalize. Kwa hiyo mtoto mwenyewe anajifunza kupima kabla hajaanza kama kazi inamzidi. Na muda wote mama anamchukulia kama mtu mwenye heshima zake, japo mdogo.

Lakini iliyonishika ni habari ya kahawa. Siku moja mama hayupo, mzee mmoja wa jirani akaja kutembea. Mtoto anajua kwao mgeni hapiti hivi hivi. Akachukua birika lenye machicha ya kahawa ya zamani, akaongeza maji ya tope ya mto Missouri, akaliweka juu ya majivu yaliyokwisha kupoa. Kisha akammiminia mzee kikombe na kumpa kipande cha mkate, akajisikia mwenyeji kamili. Mzee akapokea. Akapiga funda. Mama aliporudi alishangaa kahawa imetoka wapi, na mzee akamweleza kwamba mtoto aliipika juu ya majivu yaliyopoa. Wote wawili walicheka. Mama akasema atawasha moto, lakini hakuna aliyesema neno la kumwaibisha mtoto, kwa sababu alikuwa ametenda ukarimu kwa kadiri ya uwezo wake, na ukarimu huo ulistahili heshima.

Nimesoma nadharia za ujifunzaji kwa miaka mitatu sasa. Nimekariri Piaget na Vygotsky kwa ajili ya UE, nikawamwaga kwenye karatasi, nikawasahau. Sijawahi kukutana na somo la saikolojia ya elimu lililoniingia kama kile kikombe cha maji ya tope.

Mwaka 1884 wamisionari wa Quaker walikuja kijijini kutafuta watoto wa shule. Walisimulia habari za nchi ya mashariki yenye matofaa mekundu ya kuchuma bure na garimoshi la kupanda. Mtoto wa miaka minane atakataa nini? Mama hakutaka. Mwishowe alikubali akifikiri kwamba bintiye atahitaji elimu hiyo atakapokuwa mkubwa, Wadakota wakiwa wamepungua na weupe wamejaa, na kwamba pengine hawa watu wameanza kulipa, ingawa kwa kuchelewa, deni la ardhi waliyoichukua. Kila mzazi aliyeuza mbuzi ili mtoto aende bweni anaielewa hesabu hiyo.

Shule ilikuwa Wabash, Indiana. Siku ya kwanza kabisa, rafiki yake aliyejua Kiingereza kidogo alimnong'oneza kwamba wamesikia watakatwa nywele. Hapa lazima uelewe nywele kwa Wasioux ni nini. Zitkala-Ša anaeleza kwamba mama yake alimfundisha kuwa wanaokatwa nywele na adui ni wapiganaji wasio hodari waliotekwa, wanaonyolewa ni waoga, na wanaokata fupi ni waliofiwa. Yeye hajafiwa, wala si mwoga. Kwa hiyo alipanda ngazi kimyakimya, akaingia chumba kimoja kikubwa chenye giza, akatambaa chini ya kitanda mpaka kwenye kona. Akawasikia wakimwita, akawasikia walimu na hata marafiki zake wakimtafuta. Wakamvuta kutoka huko akipiga mateke, wakamfunga kwenye kiti. Akasikia ubaridi wa mkasi shingoni. Akalia akimwita mama yake, na hakuna hata mmoja aliyekuja kuzungumza naye kama mama yake alivyozoea kufanya.

Nilipofika hapo nilifunga laptopu. Ilikuwa kama saa tano usiku. Niliona lile vumbi la paredi na mkono ukiokota nywele.

Nijitetee kidogo kabla hamjanihukumu. Najua shule yetu ile si Wabash. Hakuna aliyekuja kuwafuta watu wetu. Waliokuwa pale ni walimu wetu, wanaotoka mitaa ileile na watoto. Sheria ya kunyoa ina sababu zake, na nimezisikia zote: usafi, maji hakuna, mzazi mwingine hana hela ya msusi, wote waonekane sawa. Baadhi ya sababu hizo nazikubali. Mimi mwenyewe nilinyoa miaka sita na sikufa. Lakini sababu zote hizo zingetimia pia kama ningesema, "Haya, nenda kafumue, kesho uje umenyoa." Mkasi mbele ya shule nzima haukuwa wa usafi. Ulikuwa wa kumwonyesha yeye, na kunionyesha mimi, nani mwenye nguvu.

Kuna kisa kingine kutoka shule ile ambacho sisi tunaofundisha kidato cha kwanza tunapaswa kukibandika ukutani. Wasichana watatu wa Kidakota walicheza kwenye theluji kinyume na amri. Wakaitwa na mwalimu. Mmoja wao, anayejua Kiingereza kidogo, akawafundisha wenzake neno moja: wakiulizwa chochote wajibu "no". Wa kwanza akaingia. Mwalimu akamuuliza kama atatii siku nyingine. Akajibu "no". Akachapwa, akaulizwa tena, akajibu "no", akachapwa zaidi. Aliponea pale tu mwalimu alipobadilisha swali na kuuliza kama ataanguka tena kwenye theluji. Safari hii "no" ikawa jibu sahihi. Mwalimu akaondoka akiamini amemrekebisha mtoto. Mtoto akaondoka bila kujua amekosa nini.

Mimi pia nilifundisha Historia kwa Kiingereza kwa watoto waliotoka shule za msingi za Kiswahili miezi sita tu kabla. Nilikuwa nikimaliza kueleza nauliza, "Mmeelewa?" kwa Kiingereza changu cha chuo, darasa zima linaitikia "Yes madam!" Nikawa naandika kwenye andalio kwamba malengo ya somo yamefikiwa.

Baada ya miaka mitatu Zitkala-Ša alirudi kwao na hakukaa sawa. Hakuwa tena mtoto wa tipi, wala hakuwa msichana wa Kizungu. Mama, akitaka kumfariji, alimpa Biblia ya Kidakota aliyopewa na mmisionari, kitu pekee alichoona kinafanana na mambo ya shule. Binti hakuitaka. Alirudi shuleni mama yake akiwa hataki, akaendelea mpaka chuo cha Earlham. Mwaka 1896 alishiriki mashindano ya hotuba ya vyuo vya jimbo la Indiana. Baadhi ya wasikilizaji walifungua bango lenye picha na neno la kuwatukana wanawake wa kabila lake. Alihutubia hivyohivyo, akawa wa pili. Kisha akaajiriwa Carlisle, shule ya Pratt, kuwa mwalimu. Yaani yule aliyejificha chini ya kitanda sasa amekabidhiwa mkasi.

Na si mkasi tu. Pratt alimtuma magharibi akakusanye watoto wengine. Alifika kwa mama yake akakuta paa linavuja, kaka yake amepoteza kazi ya serikali, na usiku taa za walowezi zinawaka kwenye vilima vilivyokuwa vyao. Aliporudi Carlisle alianza kutazama shule kwa jicho jingine: wageni wanaokuja kuona watoto wa "washenzi" walivyotulia kwenye madawati, wanasifu, wanaondoka, na hakuna anayeuliza kama kinachotolewa pale ni uhai au ni kifo cha polepole. Aliacha kazi. Akaandika yale ya Atlantic Monthly, na wakubwa wa Carlisle wakamshambulia kwamba hana shukrani. Hakurudi nyuma. Alikusanya hadithi za wazee na kuzichapisha 1901, alipiga fidla, alishiriki kutunga opera iliyochezwa 1913, na mwaka 1926 yeye na mumewe walianzisha Baraza la Taifa la Wahindi wa Marekani. Alifariki 1938.

Nataka uone pia kwamba habari haikuishia kwa mtu mmoja mwenye uchungu. Nyati waliuawa karibu wote, na ngozi zikakosekana. Wanawake wa Sioux waliofundishwa na wamisionari kushona mablanketi ya viraka waliuchukua ushonaji huo wakaufanya wao: katikati wakaweka nyota kubwa, nyota ya asubuhi. Leo blanketi hilo hupewa mtoto anapopewa jina, mhitimu anapomaliza shule, na hufunika jeneza la mpendwa. Ella Deloria niliyemtaja alisoma chuo cha ualimu cha Columbia, New York, akahitimu 1915. Ni mwalimu mwenzetu. Alirudi kwa bibi na mama zake na kalamu, akaandika hadithi zao kwa Kidakota. Riwaya yake kuhusu maisha ya mwanamke wa Kidakota, Waterlily, ilichapishwa 1988, miaka kumi na saba baada ya kufa kwake.

Na ile ibada ya msichana, Isnati, iliyokuwa imefifia? Wanawake wa Yankton, kabila lilelile la Zitkala-Ša, waliifufua miaka ya tisini ufukweni mwa Missouri. Wasichana hukaa siku nne. Hujifunza kusimamisha tipi yao wenyewe, mimea, hadithi, na namna ya kujilinda. Katika siku hizo nne hawajilishi kwa mikono yao: mama zao na wanawake wengine huwalisha kama watoto wachanga, kwa mara ya mwisho. Mmoja wa walioifufua ni Faith Spotted Eagle, ambaye mwaka 2016 mjumbe mmoja wa jimbo la Washington alimpigia kura ya kuwa Rais wa Marekani, ingawa hakuwa mgombea. Mwaka uleule LaDonna Brave Bull Allard alifungua kambi kwenye ardhi yake huko Standing Rock kupinga bomba la mafuta kupita karibu na mto.

Na wanafunzi nao hawakukaa kimya. Mwaka 2015 kikundi cha vijana wa Kilakota kutoka Rosebud, wakirudi kwenye mkutano Washington, walisimama Carlisle. Walikuta makaburi ya watoto wa kwao waliokufa shuleni zaidi ya miaka mia iliyopita. Wakauliza swali moja: kwa nini hawa hawajarudishwa nyumbani? Julai 2021 watoto tisa walirudishwa Rosebud.

Prezentesheni yetu ilienda vizuri. Sehemu yangu ilikuwa dakika tano, nikasema ya Hampton na Jones, nikakaa. Ya mkasi sikuyasema.

Lakini wiki iliyofuata nilimpigia mwalimu mmoja wa ile shule, dada aliyekuwa akinikaribisha chai, nikamwomba nizungumze na yule binti. Alishangaa, ila hakuniuliza sana. Akamwita wakati wa mapumziko, akampa simu. Sasa yuko kidato cha pili.

"Shikamoo madam."

"Marahaba. Unanikumbuka?"

"Ndiyo madam. Ulitufundisha Kiswahili."

Nikamwambia nilimkosea ile siku ya paredi, kwamba aliniomba akafumue mwenyewe na mimi nilimsikia. Nikasema samahani. Alikaa kimya kidogo. Nyuma yake nilisikia kelele za uwanjani.

"Hamna shida madam," akasema. "Nilishasahau."

Najua hakusahau. Nilikata simu nikakumbuka yule mzee wa Kidakota na kikombe cha maji ya tope mkononi. Binti wa miaka kumi na minne alikuwa amepokea samahani yangu iliyochelewa mwaka mzima, baridi kabisa, akapiga funda bila kukunja uso ili nisiaibike. Hayo mimi sikumfundisha. Kuna mtu nyumbani kwao alimfundisha, labda huyohuyo mama aliyemsuka.

Julai naenda TP tena, ya mwisho. Sitawadanganya kwamba nitabadilisha sheria za shule. Nitakuwa mgeni pale na alama zangu ziko mikononi mwa watu. Lakini sentensi nimeshaiandaa, naisema hata njiani nikitoka kafteria: "Mwalimu, naomba nimruhusu akafumue mwenyewe." Ni sentensi fupi. Mwaka jana nilishindwa kuisema.